Matroni wa Bweni la Wasichana: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Majibu haya ni kwa matroni wapya, kwa wazazi wanaompeleka binti bweni kwa mara ya kwanza, na kwa wakuu wa shule za sekondari za bweni Tanzania. Sehemu kubwa inamfaa pia patroni wa bweni la wavulana.

## Kazi yenyewe

Matroni ni nani hasa? Mwalimu, nesi au mlinzi?

Ni mlezi anayelala karibu na wanafunzi na kuwajua mmoja mmoja. Nesi anatibu, mlinzi yuko getini, mwalimu wa nidhamu anashughulikia makosa. Matroni ndiye anayejua kwamba Jumanne binti fulani hakugusa ugali wake, na kwamba Jumatano amelala mapema kuliko kawaida yake. Kazi nyingine zote, funguo, daftari, usafi, kuhesabu, zipo ili ujuzi huo upatikane.

Katika shule nyingi za serikali kazi hii hupewa mwalimu wa kike juu ya vipindi vyake. Shule nyingi za binafsi huajiri mama asiyefundisha. Wanafunzi humwita "matroni" au "mama" tu. Kwenye seminari za wasichana mara nyingi ni sista mlezi, na Zanzibar, ambako bweni huitwa dahalia, utasikia "mlezi wa dahalia".

Matroni mmoja anatosha wasichana wangapi?

Kipimo ni hiki: baada ya wiki sita za muhula, aweze kupita vitandani bila orodha na kumtaja kila mmoja kwa jina, kidato, na ugonjwa alionao kama upo. Kwa wengi uwezo huo unafika kikomo kwenye wasichana 60 hivi. Bweni la wasichana 120 lenye matroni mmoja lina mtu wa kuhesabu vichwa tu, halina mlezi. Shule isiyoweza kuajiri wa pili impe angalau msaidizi wa usiku, na viranja wa vyumba waliofundishwa kazi.

Awe mtu wa namna gani?

Cheti si kigezo cha kwanza, ingawa mafunzo ya huduma ya kwanza ni lazima. Tafuta mtu anayeamka haraka usiku, anayejua kuandika kumbukumbu, na asiyependa kusimulia habari za watu. Kusimulia huko ndiko kunakoharibu matroni wengi. Siri moja ya msichana ikisikika jikoni kwa wapishi, hakuna msichana mwingine atakayekuja kumweleza jambo mwaka mzima.

Aishi ndani ya bweni? Na mume wake je?

Aishi katika chumba au nyumba iliyo karibu kiasi cha kusikia kilio. Akiwa na familia, nyumba yake iwe na mlango wake wa nje, ili mume, watoto na wageni wasipite bwenini kabisa. Fundi wa kiume akija kurekebisha bomba au taa, aingie wasichana wakiwa darasani, matroni au kiranja mkubwa akiwa naye hadi anapotoka.

## Siku ya kuripoti

Matroni anatakiwa kuuliza nini mzazi akiwa bado yupo?

Mambo matano, na ayaandike hapo hapo: ugonjwa wa kudumu na dawa zake, dawa au chakula kinachomdhuru, kama ameshavunja ungo, nani ana haki ya kumchukua shuleni, na namba mbili za simu za watu wawili tofauti. Namba mbili za mzazi mmoja hazisaidii. Simu yake ikizimwa usiku, zote zimezimwa.

Swali la ugonjwa lisiulizwe kwenye foleni. Mbele ya wazazi wengine jibu litakuwa "mzima kabisa", na miezi miwili baadaye msichana anadondoka bafuni na kifafa ambacho hakuna aliyekijua.

Ni vitu gani wazazi husahau, ambavyo havimo kwenye fomu ya kujiunga?

Kufuli la tranka huja na funguo mbili au tatu. Mmoja abaki kwa matroni, umefungwa kamba yenye jina. Mwanafunzi akipoteza wake, tranka litavunjwa kwa nyundo, na kuanzia hapo halifungi tena.

Vingine ni ndala mbili (za kuogea na za kutembelea), kamba ya chandarua, alama ya jina iliyoshonwa kwa uzi kwenye shuka na sare (kalamu hufutika baada ya kufuliwa mara chache), na plastiki ya kufunika godoro kwa anayeihitaji. Kuhusu taulo za kike, tazama sehemu ya hedhi.

Nani alale kitanda cha juu?

Mwenye kifafa, mwenye selimundu, mwenye pumu kali, anayetembea usingizini na anayekojoa kitandani walale chini. Panga vitanda kabla wanafunzi hawajaingia. Ukiwaacha wachague wenyewe, wakongwe watachukua chini na njuka (mwanafunzi mgeni) mgonjwa atapandishwa juu, na hatasema neno.

## Usiku

Kwa nini wahesabiwe kitandani wakati wameshaitwa majina prepo (masomo ya jioni)?

Kwa sababu rafiki huitikia jina la rafiki. Baada ya prepo na kabla ya taa kuzimwa, pita na tochi kitanda kwa kitanda, uone uso au usikie sauti. Blanketi lililovimba si mtu. Nguo zilizokunjwa vizuri hufanana sana na mgongo.

Andika mstari mmoja daftarini, na hesabu ifunge: "Jumla 64. Wamo 61. Zahanati 2. Ruhusa 1." Isipofunga, huendi kulala. Rudia mara moja kati ya saa 7 na saa 10 usiku, na saa ya kurudia ibadilike kila siku ili isizoeleke.

Mlango wa bweni ufungwe usiku?

Unaweza kufungwa kwa ndani, kwa kitasa au komeo linalofunguka bila ufunguo. Usifungwe kamwe kwa nje watoto wakiwa ndani. Hatusemi hivi kwa woga. Mwaka 1994 moto uliwaua wasichana zaidi ya 40 bwenini Shauritanga, Rombo. Agosti 2009 wasichana 12 waliteketea Idodi, Iringa. Kenya, Kyanguli mwaka 2001, wavulana 67 walikufa bwenini. Milango iliyofungwa na madirisha yenye nondo ndivyo hugeuza moto wa dakika chache kuwa msiba.

Mwongozo wa usalama wa shule uliotolewa na serikali ya Kenya mwaka 2008 una vipimo ambavyo shule yoyote inaweza kuvitumia: mlango kila mwisho wa bweni na mmoja wa dharura katikati, yote ifunguke kwa nje, nafasi ya mita 1.2 kati ya kitanda na kitanda. Njia ya kupita isiyopungua mita 2. Madirisha bila nondo.

Moto huanzia wapi hasa, na matroni afanye nini kila siku?

Huanzia kwenye mshumaa wa kusomea baada ya taa kuzimwa, waya wa kuchemshia maji ya kuoga, na chaja zilizojazana kwenye soketi moja. Mshumaa chini ya chandarua ndio hatari kuliko vyote: chandarua hushika kwa sekunde, na godoro la sponji linafuata, likitoa moshi unaoua kabla ya moto wenyewe.

Kumnyang'anya mtu mshumaa hakutoshi. Anasoma usiku kwa sababu ana mtihani. Mpe mahali: chumba kimoja chenye taa hadi saa 5 usiku wiki za mitihani, na ruhusa ya tochi.

Kila jioni hakikisha matranka yamesukumwa chini ya vitanda na njia iko wazi. Kila muhula fanyeni zoezi la kutoka, moja angalau likiwa la usiku, na mpime muda. Wakutane mahali pamoja palipozoeleka, wahesabiwe pale pale. Namba ya Jeshi la Zimamoto na Uokoaji ni 114. Iandikwe kwa rangi ukutani karibu na mlango.

## Afya

Matroni anaruhusiwa kutoa dawa?

Anatunza na kusimamia dawa zilizoandikwa na daktari, na anatoa zile chache ambazo shule na zahanati zimekubaliana kwa maandishi, kwa kawaida parasetamo, chumvichumvi za maji na vifaa vya vidonda. Dawa za antibayotiki hapana, hata kama zimebaki za mwanafunzi mwingine.

Parasetamo ndiyo inayoleta makosa mengi. Msichana anapewa kidonge saa 2 asubuhi na mwalimu, saa 4 na matroni, saa 6 na rafiki. Daftari la dawa liwe moja tu kwa shule nzima: jina, saa, dawa, idadi, aliyetoa. Kidonge cha miligramu 500 kisirudiwe kabla ya kupita saa 6. Na homa ikitulia baada ya parasetamo, usiseme amepona. Apimwe malaria siku hiyo hiyo.

Amepewa dawa mseto ya malaria. Nisimamie vipi?

Mwenye kilo 35 na zaidi hunywa ALu (ndiyo dawa mseto hiyo) vidonge 4 mara mbili kwa siku, siku 3, jumla 24. Dozi ya pili hufuata ya kwanza baada ya saa 8, zinazobaki kila baada ya saa 12. Anywe na kitu chenye mafuta, kwa mfano maziwa au karanga, kwa sababu tumbo tupu huinyonya vibaya. Akitapika ndani ya saa moja, arudie dozi hiyo.

Kinachoharibika ni siku ya pili jioni: kichwa kimepoa, anaacha, na vidonge vinavyobaki anamwekea rafiki. Kwa hiyo dawa ikae kwa matroni, na inywewe mbele yake.

Nini cha kujua kuhusu selimundu, pumu na kifafa?

*Selimundu.* Maumivu huamshwa na baridi, kiu, uchovu na maambukizi. Mruhusu awe na chupa ya maji darasani, asioge maji ya baridi alfajiri, asipewe adhabu ya kukimbia au kulima juani. Kidonge cha foliki asidi cha kila siku kisikatike. Homa, maumivu ya kifua, kupumua kwa shida au udhaifu wa upande mmoja wa mwili ni safari ya hospitali usiku huo huo.

*Pumu.* Pampu yake akae nayo mwenyewe, mfukoni. Pampu iliyofungiwa ofisini kwa matroni aliyekwenda sokoni haimsaidii mtu. Shambulio likija, akae wima, avute mara 4 moja moja, asubiri dakika 4, arudie mara 4. Kama hakuna nafuu, gari liwake.

*Kifafa.* Tazama saa. Ondoa vitu vigumu karibu naye, mlaze ubavu, usiweke kijiko wala kidole mdomoni, usimshike kwa nguvu. Zikipita dakika 5, au kikija cha pili kabla hajazinduka, ni hospitali. Akizinduka asikute watu 40 wamemzunguka.

Mwanafunzi anatumia ARV na hataki ijulikane. Nifanyeje?

Wanaojua wawe wachache, wale tu ambao yeye na mzazi wamewakubali. Dawa ihamishiwe kwenye kichupa kisicho na maandishi, chenye alama ambayo ninyi wawili mnaijua, na saa ya kunywa ifungamane na jambo la kawaida, kama kumletea matroni ufunguo kila jioni. Tarehe za kliniki ziandikwe kama "ruhusa ya familia". Mwenye kuuliza sababu aambiwe ni ruhusa ya familia.

Upele umeingia bwenini. Kwa nini hauishi?

Kwa sababu anatibiwa mmoja. Upele unaosababishwa na utitiri hutibiwa chumba kizima siku moja, wanaojikuna na wasiojikuna. Dawa ya kupaka, kwa mfano BBE, ipakwe kuanzia shingoni hadi nyayoni, katikati ya vidole na kiunoni pia, kama zahanati itakavyoelekeza. Siku hiyo hiyo shuka na nguo zifuliwe kwa maji ya moto na kuanikwa juani. Visivyofulika vifungwe ndani ya mfuko wa plastiki kwa siku 3 au zaidi. Waambiwe mapema kwamba mwasho unaweza kuendelea hata wiki mbili baada ya wadudu kufa, la sivyo watajipaka dawa kila siku hadi ngozi ibabuke.

Kunguni ni habari nyingine. Wanaishi miezi bila kula, kwa hiyo kufunga bweni wakati wa likizo hakuwamalizi. Maji yanayochemka kwenye viungo vya vitanda vya chuma, magodoro juani siku nzima, nyufa za ukuta kuzibwa, kisha dawa ya mtaalamu, na kurudia baada ya wiki mbili kwa ajili ya mayai.

Kuhara kwa ghafla?

Pakiti 1 ya chumvichumvi ndani ya lita 1 ya maji safi, kikombe kila anapohara. Kama pakiti hakuna, vijiko vya chai 6 vya sukari na nusu kijiko cha chumvi, vikiwa bapa, kwa lita hiyo moja. Wakifika watatu kwa siku moja, toa taarifa zahanati na uchunguze maji na maharage ya jana.

## Hedhi

Mzazi afungashe taulo ngapi?

Anayebadilisha mara 4 kwa siku, siku 5, anatumia 20 kwa mwezi. Muhula wa miezi mitano ni 100: pakiti 10 za pedi kumi kumi, au 13 za pedi nane nane. Wanaoleta pakiti mbili wanaishia kukata shuka. Za kufua zinafaa sana na ni nafuu, ila zinahitaji sabuni, maji na kamba iliyo juani. Zikianikwa chini ya kitanda kwa aibu hazikauki, na maambukizi yanaanzia hapo. Weka kamba nyuma ya bweni, mahali pasipopitwa na watu.

Aliyevunja ungo shuleni apokelewe vipi?

Kwa faragha, ndoo ya maji ya uvuguvugu, taulo, chupi safi na maelezo ya dakika kumi. Weka ndoo hiyo tayari siku zote. Usianze kuomba funguo za stoo wakati mtoto amesimama na sweta kiunoni. Kisha muulize kama angependa umpigie mama, shangazi au bibi yake. Wengine wana taratibu za kwao, na huyo ndiye mtu wa kuzieleza.

Nitajuaje kama maumivu ni ya hedhi kweli?

Ya hedhi huuma chini ya kitovu katikati, huja na kuondoka, na hupungua kwa chupa ya maji ya moto. Maumivu yanayohamia chini upande wa kulia na kukaa hapo, yenye homa au kutapika, yanayozidi akitembea, yanaweza kuwa kidole tumbo. Hayasubiri asubuhi. Anayezimia kila mwezi naye apelekwe kwa daktari. Asiambiwe avumilie kwa kuwa "ndivyo wanawake tulivyo".

## Maisha ya pamoja

Njuka analia kila usiku. Arudishwe nyumbani?

Mara nyingi hapana. Wiki tatu za kwanza ndizo ngumu, hasa Jumapili jioni. Kinachosaidia ni kazi ndogo yenye jina (kufungua madirisha, kugawa sabuni), mwenzake wa kidato cha tatu aliyechaguliwa kwa upole wake, na simu ya nyumbani kwa siku maalumu. Simu ya kila siku humrudisha mwanzo kila siku.

Angalia wale wasiolia. Asiyekula siku mbili, anayegawa vitu vyake, anayejikata, au anayesema afadhali asingekuwepo, asiachwe peke yake hata bafuni, na mzazi na mtaalamu waitwe siku hiyo.

Anakojoa kitandani na wenzake wameanza kumcheka.

Plastiki juu ya godoro, shuka mbili za akiba kwako, asinywe mengi baada ya saa 1 usiku, aamshwe saa 5 unapopita. Aamke dakika 20 kabla ya wengine ili aanike shuka. Kama alikuwa ameacha na sasa ameanza tena, apimwe mkojo na sukari, na umuulize kwa utulivu kuna nini kinachomtisha.

Matroni anaweza kuchapa viboko?

Hapana. Kanuni za adhabu ya viboko za mwaka 2002 zinampa mamlaka hayo mkuu wa shule, au mwalimu aliyemteua kwa maandishi. Viboko visizidi 4, na viandikwe kitabuni. Kwa msichana mchapaji awe mwalimu wa kike kama yupo. Matroni aliyeajiriwa kwa ulezi hayumo kabisa. Hata matroni ambaye ni mwalimu, tunamshauri akatae: mkono ulioshika fimbo mchana hauaminiki usiku.

## Hali ngumu

Wasichana wanaanguka na kupiga kelele mmoja baada ya mwingine. Ni mapepo?

Jambo hili lina historia hapa kwetu. Tarehe 30 Januari 1962, Kashasha karibu na Bukoba, kicheko kilichoanza kwa wasichana watatu kilienea hadi wanafunzi 95 kati ya 159, na shule ikafungwa Machi. Madaktari hawakukuta sumu wala vijidudu. Hofu na msongo huambukizana kwa macho na masikio, hasa penye wasichana wengi na mitihani mingi.

Watenganishe wanaoanguka, kila mmoja chumba chake, mtu mzima mmoja, sauti ya chini. Watazamaji wapelekwe mbali na wapewe shughuli. Pima homa, malaria na sukari, ili usikose mgonjwa halisi. Usikusanye bweni zima kwa maombi ya sauti kubwa usiku huo, hata kwa nia njema. Mkusanyiko ndio unaoongeza wanaoanguka. Familia ikitaka kiongozi wa dini, aje kwa mmoja mmoja, mchana.

Ameniambia ametendewa ukatili na amenisihi nisiseme.

Usimwahidi siri usiyoweza kuitunza. Mwambie: "Nitawaambia wale tu wanaoweza kukusaidia, na nitakwambia ni nani." Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inamtaka kila mwanajamii anayejua haki za mtoto zinavunjwa atoe taarifa.

Andika maneno yake kama alivyoyasema, usimhoji mara mbilimbili. Kama ni ubakaji, asioge, nguo zisifuliwe, ziwekwe kwenye mfuko wa karatasi, na mfike hospitali haraka: dawa za kuzuia VVU hufanya kazi zikianzwa ndani ya saa 72. Matibabu yasisubiri fomu ya polisi. Kisha Dawati la Jinsia na Watoto la polisi, au simu ya watoto 116, ambayo ni ya bure. Mtuhumiwa akiwa mtu wa shule, hata mkubwa wako, nenda moja kwa moja nje ya shule.

Mwanafunzi ni mjamzito. Ndiyo mwisho wa shule?

Si tena. Tangu Novemba 2021 serikali inaruhusu waliokatishwa masomo kwa ujauzito kurudi katika mfumo rasmi. Kazi ya matroni ni kuhakikisha anaanza kliniki, mzazi anaambiwa na mtu mzima mwenye busara badala ya kusikia kwa majirani, na umri wake unazingatiwa: akiwa chini ya miaka 18, swali la aliyempa mimba ni la polisi pia. Aondoke bwenini mchana, kama mwanafunzi mwingine yeyote mwenye ruhusa, na tranka lake lifungwe na matroni mwenyewe.

## Matroni naye

Apumzike lini?

Siku moja nzima kwa wiki, nje ya eneo la shule, na wikiendi moja kwa mwezi. Anayemshikia apewe daftari na dakika 15 za kukabidhiana: nani mgonjwa, nani ana ruhusa, nani aangaliwe. Matroni asiyelala usiku tatu mfululizo huanza kujibu kwa ukali, na wasichana huacha kugonga mlango wake. Mkuu wa shule akiona mlango huo haugongwi tena usiku, aanze kwa kutazama ratiba ya likizo yake.

Chuo kikuu nako kuna matroni?

Hosteli nyingi za vyuo zina waden (msimamizi wa hosteli), na ofisi ya mshauri wa wanafunzi. Mkazi ni mtu mzima: hahesabiwi kitandani, na habari zake za afya hazipelekwi kwa mzazi bila idhini yake. Yaliyoandikwa hapa kuhusu moto, kunguni na siri yanabaki vilevile.